Chura Wangu Nimemwandika Bonde Lisilo Lake

Mpendwa mshauri, naomba msaada, na naomba uisome barua hii ukiwa umekaa, maana mimi mwenyewe naiandika nimesimama jikoni, kukaa siwezi tangu juzi, nikikaa miguu inacheza yenyewe.

Mimi ni mama wa watoto watatu, nina miaka arobaini na mmoja, na kazi yangu ni vyura. Usicheke. Kwa miaka sita nilikuwa naosha chupa katika maabara ya chuo, zile wanazohifadhia wadudu na mijusi, mpaka siku moja mzee mmoja mtafiti, ambaye tunamwita Mzee Buti kwa sababu hajawahi kuonekana na viatu vingine, akanikuta naigiza milio ya vyura huku nasugua, akaniuliza nimejifunza wapi, nikamwambia nimekulia jirani na dimbwi, akacheka sana, na mwezi uliofuata nikawa msituni pamoja naye, na huu ni mwaka wa nane, huko kote wananiita Mama Vyura.

Kazi yetu ni ya mbio. Msitu ukitaka kugawanywa, huku pahifadhiwe, huku pachimbwe mawe, tunatangulizwa sisi, watu saba kwa siku kumi na mbili, mmoja wa ndege, mmoja wa popo, mmoja wa mimea, mimi wa vyura, kila mtu anaandika alichokiona na alichokisikia kabla wakubwa hawajachora mpaka kwenye ramani. Jioni tunakaa chini ya turubai, kila mmoja anasoma orodha yake kwa sauti, na Mzee Buti anachora kwenye karatasi kubwa jinsi idadi ya viumbe inavyopanda. Mstari ukianza kulala, ujue msitu umeshakuonyesha karibu vyote ulivyo navyo. Safari hii siku ya tisa mstari ulikuwa bado unapanda, mshauri, watu wazima tulikuwa tunapigana vikumbo kama watoto wa shule.

Sasa siku hiyo ya tisa nilipangiwa Bonde la Juu, mwenzangu akabaki kambini na homa, nikaenda peke yangu, jambo ambalo limekatazwa, ila nilijiambia ni saa mbili tu. Nilipofika nikasoma kile kifaa cha setilaiti, nikaandika namba za mahali, halafu betri ikafa. Mchana mvua ikanyesha, ikakatika, na hapo ndipo nikausikia mlio ambao sijawahi kuusikia tangu nizaliwe, kama mtu anagonga kijiko kwenye kikombe cha bati mara mbili halafu anasita, nikawasha kinasa sauti nikaufuata, nikapanda, nikashuka, nikapita kwenye matete, sijui ni nusu saa, sijui ni saa nzima, macho sina, nina masikio tu, mpaka nikamkuta kwenye jani, mdogo kama ukucha wa kidole gumba, mweusi ti, magoti rangi ya chungwa. Nikamkinga kwa mikono miwili. Mikono miwili, mshauri, kalamu ningeishika na nini?

Mzee Buti ana kanuni anayoirudia kila asubuhi kabla ya chai, kwamba unaandika ukiwa umesimama pale pale ulipomwona mnyama, hata kama nyoka anakutazama. Mimi nilimtia kwenye mfuko, nikakimbia huku naimba, nikatokea kambini bila kujua nimepitia wapi. Nikaandika baadaye, chini ya turubai, watu wamenizunguka wananipigia makofi, na kwa kuwa kifaa kilikuwa kimezima nikanakili daftarini zile namba za asubuhi. Siku ile ile, msitu ule ule, ndivyo nilivyojiambia. Nikaandika kwenye lebo Bonde la Juu, nikatia sahihi.

Picha na sauti vimetumwa kwa mabingwa watatu wa vyura na wote wamejibu kwamba hawamjui. Mzee Buti alilia mbele yetu. Anastaafu mwaka huu, hii ndiyo safari yake ya mwisho, na anasema chura huyu atapendekeza apewe jina langu mimi, muosha chupa. Ramani tayari imepakwa rangi, Bonde la Juu kijani kwa sababu ya chura wangu, Bonde la Chini jeupe, ndiko watakakochimba mawe. Mkutano wa kuipitisha ni Alhamisi.

Juzi nilikuwa nakunja nguo, nikaiweka ile rekodi mama mkwe aisikie. Macho yake yamefifia, ila masikio, ukinong'ona chumba cha pili anakujibu. Akasikiliza, akasema, "Ana sauti nzuri. Na hayo maji yanaanguka wapi?"

Nikamwambia, "Maji gani, mama?"

"Hayo nyuma yake. Yanapiga jiwe. Mwanangu, kwani wewe huyasikii?"

Nikarudisha rekodi mwanzo, na kweli, yapo. Mshauri, Bonde la Juu lina madimbwi tu, maji yake hayaanguki popote. Maporomoko tuliyoyakuta msitu mzima ni mamoja, na yako Bonde la Chini.

Mume wangu anasema, "Chura si amehifadhiwa? Jina si litaandikwa? Unataka nini tena?" Anasema nisahihishe mwakani kimyakimya. Na mimi naogopa, maana nikisema wataniuliza ni mangapi mengine niliyaandika chini ya turubai, orodha za wenzangu sita zitatiliwa shaka, watu wa mawe watatucheka, mzee wa watu atastaafu kwa aibu, na Bonde la Juu huenda nalo likakosa kijani chake. Halafu katikati ya woga wote huo namkumbuka yule chura na magoti yake, najikuta nacheka peke yangu jikoni. Nifanye nini? Rekodi nimeiambatanisha.

Mama Vyura

*

Mama Vyura,

Kwanza pokea hongera zangu. Nimeisikiliza rekodi yako hapa ofisini mara nne, mpaka mhariri wa michezo akaja mlangoni kuuliza ni nani anayegonga kikombe. Mimi na vyura hatujawahi kupatana, lakini huyu nimempenda.

Sasa kaa chini nikuseme. Mwanamke mzima unaingia msituni peke yako, mwenzio ana homa, betri imekufa, hakuna anayejua uliko. Ungevunjika mguu, chura angekuandikia taarifa? Hilo limepita, usilirudie. La namba za asubuhi ni zito zaidi, na unalijua, ndiyo maana huwezi kukaa. Furaha ilikupanda kichwani ukaandika ulichokuwa umepangiwa badala ya ulichokifanya.

Nakuelewa kuliko unavyodhani. Kabla ya safu hii nilikuwa muuguzi wodi ya wazazi kwa miaka kumi na tisa. Siku moja walizaliwa watoto wawili wa mama wawili kwa mpigo, nami kwa haraka na vigelegele nikamfunga mmoja utepe wenye jina la mama wa kitanda cha jirani. Ulikaa mkononi mwake dakika arobaini. Nilipogundua, wazo la kwanza halikuwa mtoto, lilikuwa kazi yangu, na mpaka leo naona haya kulisema. Nikaenda kwa muuguzi mkuu, nikasema. Alinifokea wodi nzima ikasikia. Kuanzia wiki ile, kila penye utepe wenye utata, aliniita mimi niukague.

Kwa hiyo mumeo mpe salamu, mwambie nia yake ni njema na hesabu yake ni mbovu. Kilichohifadhiwa ni lebo. Chura mwenyewe yuko kwenye bonde jeupe, na mwakani ukienda kusahihisha kimyakimya utakuta shimo.

Nawe acha kumstaafisha mzee kwa aibu kabla hajajua kuna nini. Aibu ni yeye kusimama Alhamisi akilitetea bonde ambalo wewe unajua si lenyewe. Mtu aliyekuokota kwenye masinki kwa sababu ya masikio yako anastahili kusikia haya kutoka kwako, na mapema. Bonde la Juu nalo usililie, lina ndege wa mwenzio na popo wa mwenzio, walioandikwa papo hapo kwa kanuni. Litajitetea.

Ningekupigia nisingesubiri gazeti, lakini wewe unayeandika namba za msitu mzima hukuandika namba yako ya simu. Leo ni Jumanne. Ukishasoma, fungua daftari, usichane ukurasa wala usifute. Piga mstari mmoja juu ya kosa, lisomeke, pembeni andika ukweli na tarehe ya leo, tia sahihi. Kisha mpigie Mzee Buti. Anza na kosa, maelezo yaje baadaye. Mwombe kesho alfajiri mrudi Bonde la Chini, wewe na wenzako wawili, kifaa chenye betri mpya na nyingine mfukoni. Mkimsikia tena, mtaandika mkiwa mmesimama pale pale. Msipomsikia, Alhamisi mtaenda na rekodi na kuwaomba wasipitishe rangi ya bonde lolote mpaka mvua inyeshe tena. Jina la chura liache, atakayeamua aamue.

Mama mkwe akae karibu nawe unapopiga simu, ukikwama atakushika mkono. Na ukiona maneno hayatoki kabisa, usijilazimishe. Sema tu, "Mzee, nimekosea mahali," halafu sogeza simu kwenye rekodi, mwache asikie maji.