Jirani Anauliza Tunalala Saa Ngapi

...na lile la komeo ndilo ambalo sikukuambia katika barua ya kwanza, Mpendwa Mshauri, maana wakati ule nilikuandikia juu ya posa tu, ukanijibu niolewe kama moyo umetulia, nami nikaolewa, na sasa mimi ni mke wa Kabiru, muuza mahindi hapa sokoni Matuu, mwanamume ambaye akicheka hata sufuria zangu zinang'aa, lakini naomba unisaidie tena, kwa sababu karibu na furaha yangu kuna mtu simwelewi.

Kwaya yetu ilitupa zawadi ya saa ya kuvuta, ile ya mnyororo, na kama unavyojua ukivuta mnyororo jua likizama jioni inarefuka, basi Kabiru akirudi tunakula polepole, tunacheza karata, ananisimulia siku yake yote, ananisuka nywele vibaya nami namwacha, na bado usiku haujaingia. Chifu alitusomea Sheria ya Saa barazani kabla ya kuipigia saa yetu muhuri, kwamba ivutwe mara moja kwa siku, isikodishwe, na ikivutwa mlango uwe wazi mpaka jioni iishe, lakini hilo la mlango nililiona ni la mabaa na maduka, kwani ni maharusi gani wanaokaa mlango wazi, kwa hivyo Kabiru akanunua komeo na kila jioni tunalifunga kabla ya kuvuta.

Tunaishi kwenye ploti, chumba kwa chumba, na ng'ambo ya ukuta wetu yuko Kavutha, mjane anayesuka vyondo vya kuuza. Tangu tuhamie, kila asubuhi yuko mlangoni kwangu, ananiita mwiitu, msichana, kana kwamba sijaolewa, na swali lake ni moja: "Jana mlilala saa ngapi?" Hebu niambie, Mshauri, hilo ni swali la kuuliza maharusi? Siku moja alikuja na sufuria ya mahindi na maharagwe, mabichi kabisa, mawe matupu, akadai aliiweka jikoni jioni, akageuka kuchukua uzi, na kumekucha. Kiondo chake nacho kiko vilevile tangu tuhamie, hakijaongezeka hata mstari. Nikajiambia, mwanamke asiyepika wala kusuka, jioni yake anaifanyia nini kama sikio haliko ukutani?

Juzi ndipo nililia. Nilikuwa narudi kutoka bombani na maji, nikawakuta yeye na Kabiru wangu karibu na kamba ya nguo, sauti zao chini, na nikamsikia Kavutha kwa masikio yangu akisema, "Usimwambie kwanza. Acha afurahi." Kabiru aliponiona akaanza kuzungumza juu ya bei ya mahindi. Nilipomuuliza alisema ni mambo ya ploti tu, na jioni hiyo akataka tusivute saa, ati amechoka, yeye ambaye hajawahi kuchoka nami, basi nikavuta mwenyewe huku machozi yananitoka.

Mwenye ploti ameniambia nikileta neno la chifu kwamba Kavutha anatusumbua, atamtoa. Jumatatu nataka kwenda. Je, nimfukuze huyu mama kwanza, au nianze na mume wangu?

Ndanu, Matuu

MSHAURI ANAJIBU

Ndanu, furaha yako nimeisoma na nimecheka nayo, hasa hapo pa nywele. Sasa keti.

Jumatatu usiende popote. Swali la kwanza la chifu litakuwa kama mlango ulikuwa wazi, na utarudi nyumbani bila saa, nami sitakutetea. Sheria uliisikia yote, ukaacha ile sehemu isiyokupendeza.

Jioni haitengenezwi, mwanangu. Huvutwa, na kinachovutwa hutoka mahali. Mlango ukiwa wazi inatoka kote, huku kidogo na kule kidogo, Matuu nzima, wala hakuna anayehisi, na anayepita anaruhusiwa kuingia aifaidi pamoja nanyi. Mkijifungia, saa inavuta kutoka karibu. Ni nani aliye karibu nanyi?

Umeniandikia mwenyewe. Mahindi mawe matupu, kiondo kisichosonga, mtu anageuka kuchukua uzi na kumekucha. Wewe ukasema sikio liko ukutani. Hakuwa ukutani. Jioni yake ilikuwa chumbani kwako, mnaichezea karata. Anapouliza mlilala saa ngapi, anatafuta tu ilikoenda.

Na yale maneno ya kwenye kamba ya nguo. Alimweleza mumeo kwa sababu wewe umekuwa ukimtazama kama mwizi, kisha akamzuia asikuharibie raha. Mwanamke unayetaka atolewe chumbani mwake amekuwa akilala njaa ili wewe ucheke. Mumeo ndiye ninayemtilia shaka, si kwa mapenzi, kwa woga: alijua, akasingizia uchovu. Mwambie nimemwona.

Leo hii komeo ling'olewe. Nenda kwa Kavutha wewe mwenyewe, usimtume Kabiru, umbebee chakula kilichoiva na umwombe radhi kwa kinywa chako. Mwenye ploti mwambie ulikosea, na useme mbele ya huyo mama. Saa isivutwe tena mpaka kiondo kile kimalizike na kuuzwa. Baada ya hapo vuteni, mlango wazi, na jirani akaribishwe. Siku mnayotaka kujifungia, jifungieni, ninyi ni maharusi, lakini jioni hiyo iwe fupi kama ya watu wengine. Wazazi wako hawakuwa na saa ya kuvuta na bado ulizaliwa.

Mwezi huu hautaisha kabla sijapita Matuu. Nitakuja jua likizama, na sitarajii kubisha hodi. Niwekee kiti karibu na Kavutha.