Mwizi Aliyemtoa Tasuke Kifungoni

Hamamu ya Umeya,
Fukagawa, Edo.
Siku ya tano, mwezi wa tisa.

Mpendwa Dada Orin,

Hujambo? Shemeji na miguu yake je, bado inamsumbua? Mpunga wa huko Echigo mmeshavuna? Sisi wazima, ila kichwa changu kimevurugika hata sijui nianzie wapi.

Mdogo wetu Tasuke alikamatwa. Usishtuke, ametoka. Kimono za wateja wanawake zilikuwa zinaibwa hapa hamamuni, kisha mkanda mmoja wa kimono hizo ukakutwa ndani ya kuni zake, na yeye ndiye mchochea moto. Nilijua wanaweza kumuua.

Nikamlilia Bwana Sasabe, afisa wa polisi. Kama maafisa wenzake, huoga asubuhi upande wa wanawake, wakati sisi wanawake tuko jikoni, ili asikilize umbea wa wanaume ng'ambo ya ukuta. Basi akaniletea Otaki, mwizi wa nguo, aliyechanjwa mkononi mistari miwili ya adhabu ya wizi! Eti akae nami mlangoni.

"Bwana, unamwachia paka samaki?"

"Mimi najua sheria, mama. Kazi yenyewe anaijua yeye."

Siku tatu Otaki alikula wali wangu na kutazama shingo za watu. Ya nne, Okon muuza tofu akatoka kuoga, akaniaga vizuri tu. Otaki akamdaka mkono.

"Shangazi, kuoga gani huko, shingo kavu?"

Bwana Sasabe alikuwa nje, tayari. Ndani ya kimono ya Okon mlikuwa na nyingine mbili, na mkanda ule alikiri aliuficha yeye. Dada, Okon huyo ndiye aliyelia nami Tasuke alipofungwa! Rafiki kanifungia ndugu, mwizi kanifungulia. Nani nimwamini sasa? Sielewi kabisa.

Na Tasuke sasa anataka kumwoa Otaki. Wewe ndiye mkubwa wetu, uamue.

Jana nilimpikia Otaki samaki wa kumshukuru. Alipokwenda kunawa, nikajikuta nahesabu kimono vikapuni. Zote zipo. Kugeuka, ananitazama.

"Hesabu tu, dada. Hata mimi ningehesabu."

Niliona aibu, nikamwongezea wali. Leo asubuhi amekuja tena, na nimehesabu tena.

Nisalimie Shemeji Kichibei na mpwa wangu Ofuji. Kannon awafunike kwa huruma yake, nawe unijibu upesi.

Mdogo wako akupendaye,
Omitsu