Pale Ufagio Wangu Unapoishia

Mjukuu wangu Lugano,

Mvua zimekuja zimeondoka, wewe huku kijijini Kinyala huonekani. Simu tu, simu tu. Kwani mimi redio? Mdogo wako Tumpale anaandika ninayosema, na nimemkataza kuyalainisha. Kila mstari ananisomea.

Juzi ulisema, "Bibi, nakuja na fundi. Tunafyeka lile pori la nyuma, kaburi la Babu tunaliwekea vigae." Nikaguna, ukadhani nimekubali. Sijakubali.

Pori lipi? Hujaacha hata kunyonya vizuri, tayari ulikuwa unaburuta ufagio nyuma yangu. Mimi nafagia uwanja mpaka kwenye mgomba wa kwanza, nasimama. Wewe husimami. Siku moja nikakukuta katikati ya migomba, majani yote umeyazoa, udongo mtupu kama kichwa kilichonyolewa. Nikapiga kelele, "Umeivua nguo migomba yangu!" Ukalia. Kisha ukayabeba majani kwa kikapu, ukairudishia mmoja mmoja huku ukiiomba radhi. Nilicheka mpaka nikakaa chini.

Tulipomzika Babu yako mle migombani, ukaniuliza, "Bibi, sasa Babu yuko nyumbani au porini?" Nikakwambia, "Nyamaza, ule."

Mpaka leo nafagia, nafika pale pale, namsalimia, "Ugonile, mzee?" Majani yanamwangukia, nayaacha. Yanaoza, mkungu unanenepa, naupika, nakula. Sasa hapo mpaka wa uwanja na pori wewe utaupitisha wapi? Uwanja nimeutengeneza mimi, majani hayakuniomba ruhusa, na mzee yuko katikati yetu. Mimi nataka kulala pembeni yake, nifunikwe hivyo hivyo. Vigae sitaki, nitateleza.

Najua ni upendo. Unaogopa majirani wasiseme tumemtupa. Hao majirani wananisikia kila asubuhi nikimsimulia mzee habari zao, waulize kama ametupwa.

Basi njoo. Fundi mwache huko huko. Ukifika usikimbilie jikoni, hata ukisikia harufu ya ndizi. Ufagio mpya nimekufungia, uko nyuma ya mlango. Fagia uwanja wote, wewe mwenyewe, na hivyo viatu vyako vya mjini uvivue. Ukifika kwenye mgomba wa kwanza, simama, umsalimie Babu yako kwa sauti. Ukishamsalimia, ndiyo uje unibishie.

Mimi bibi yako, mgongo mbovu, mdomo mzima.