Baba Yake Yusra Hakucheka

Rispah weee, Yusra wetu wa Mwabungo amenipigia sasa hivi, ananong'ona!

Jana alasiri alikuwa akitazama filamu ya Kigiriki na babake. Humo baba mmoja anawalazimisha wanawe wakubwa watembee kinyumenyume, wasije wakaijua njia ya kutokea nyumbani alikowafungia. Yusra alicheka mpaka machozi. Mzee hakucheka. Hata kidogo!

"Unacheka nini? Huyu anawapenda wanawe."

Yusra akadhani ni utani. "Baba, huu si upuuzi tu?"

Mzee akainuka, akalifunga geti kwa kufuli, akarudi ametulia tuli. "Chuo basi, hurudi tena huko. Haya, tembea kinyumenyume."

Na alitembea, Rispah! Anasema miguu ilitii yenyewe.

Mamake akachungulia kutoka jikoni: "Polepole, mwanangu, usijikwae."