Neno la Mwisho la Dezső

Kecskemét,
14 Novemba 1978.

Mpendwa shemeji Ákos,

Pokea salamu zangu nyingi kutoka huku kwetu, ambako theluji ya kwanza ilianguka jana. Habari za Winnipeg? Mguu wa Margit umepona? Mimi ni mzima, ila kila nikitenga chakula bado natoa sahani mbili kabatini, kisha narudisha moja.

Ahsante kwa barua uliyoniandikia Dezső alipofariki mwezi wa Februari. Bendera nyeusi ilitundikwa kwenye jumba letu la maigizo, na alipokuwa akishushwa kaburini wenzake wote walimpigia makofi, kama ilivyo desturi ya waigizaji. Nilidhani hayo ndiyo makofi yake ya mwisho.

Unajua kaka yako hakuwahi kuwa mfalme jukwaani. Miaka thelathini na miwili alikuwa mtumishi, bawabu, tarishi: mtu anayeingia, anasema maneno mawili, anatoka. Wenzake walimtania, "Dezső, usipepese macho, utaikosa sehemu yako!" Naye aliwajibu, "Pepeseni nyinyi, mtanikosa mimi." Mimi muda wote huo nilikuwa ndani ya kile kishimo cha mbele ya jukwaa, nikiwanong'onezea waigizaji maneno wanaposahau. Yeye tu sikuwahi kumnong'onezea.

Mwaka jana alipewa sehemu katika filamu. Alikuwa mkuu wa kituo cha reli kinachofungwa, anayezungumza peke yake baada ya treni ya mwisho kuondoka. Kwa mara ya kwanza uso wake ungejaza kioo kizima. Lakini ugonjwa ulikuwa umeanza kula kumbukumbu zake. Surányi, mwongozaji wa filamu, akamwambia, "Mzee wangu, usihangaike. Hesabu hata namba. Sauti tutaitia baadaye studio." Ndivyo filamu zinavyotengenezwa huku. Kabla ya hiyo baadaye, Dezső akafa.

Agosti Surányi akanipigia simu. "Bi Ilka, njoo Budapest. Nimemleta mwigizaji Bakos amtilie sauti, lakini maneno niliyoandika hayaingii kabisa mdomoni mwa mzee. Na wala hahesabu namba! Tusipojua anasema nini, kipande chote nakikata."

Nilikwenda kesho yake, na njia nzima nilikuwa nikimwomba Mungu wasimkate. Wakanionyesha kile kipande bila sauti. Kilipopita mara ya tatu nikajikuta nanong'ona. Midomo ile nimeisoma kutoka kishimoni miaka yote.

"Farasi wako tayari, bwana mkubwa." Hayo ndiyo maneno yake ya kwanza jukwaani, mwaka 1946. "Hakuna barua leo, bibi." "Niruhusu nikuvulie koti." "Wageni wote wamekwisha kuondoka." Ákos, alizisema sehemu zake zote, mwaka baada ya mwaka, akikiambia kituo kitupu, na hakuruka hata moja! Mtu aliyesahau maneno ya juzi. Surányi akaniletea maji.

Bakos, ambaye picha zake zimebandikwa kila ukuta wa Budapest, alisimama wima. "Mama," akasema, "ninong'onezee na mimi." Nikamnong'onezea, naye akatamka polepole, mpaka tukamaliza. Surányi hakukata kitu.

Mwishoni kabisa midomo inatikisika mara moja zaidi. Bakos akauliza, "Na hili?" Nikamwambia, "Hili lina mwenyewe." Wakaliacha bila sauti. Jumamosi filamu ilionyeshwa hapa mjini. Ukumbi ulijaa, na ilipofika hapo hakuna aliyekohoa. Watu waliinama mbele kana kwamba wangelisikia.

Shemeji, Novemba ile ya 1956 vifaru vya Warusi vilipoingia nawe ukaikimbia nchi, Dezső hakuja kituoni kukuaga. Alisema ana mazoezi. Hapakuwa na mazoezi. Majumba yote ya maigizo yalikuwa yamefungwa. Alikaa jikoni akipiga kiwi viatu vilevile mpaka treni yako ikapita. Hatukulizungumza tena jambo hilo.

Nisalimie Margit, Tamás na Zsuzsi mdogo. Mungu awakinge na baridi ya huko, na awape uzee wenye amani.

Neno lile nimekaa nalo tangu Agosti, nalo ni lako. Alisema, "Nenda salama, Ákos."

Ni mimi shemeji yako, nikupendaye daima,
Ilka.