Macho ya Bi Renate

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Bado linakusumbua unapoinuka kwenye sala? Mimi mwili mzima, alhamdulillahi, ila moyo mzito, na najua sauti yangu kwenye simu ilikutia wasiwasi. Ndiyo maana naandika.

Bi Renate ameondoka. Yule Mjerumani niliyekueleza, mhariri wa filamu, aliyenichukua nimtafsirie Kiswahili kisha akanifundisha kazi yake. Aliianza usichanani huko kwao, enzi za kukata filamu kwa wembe na kuiunga kwa gundi. Akahariri taarifa za habari, halafu tamthilia za televisheni, hadi kazi moja ikamleta hapa Johannesburg, akanogewa, akabaki. Watu wengi wamelizwa na kazi yake, wala hawamjui hata kwa sura.

Mwaka huu tulikuwa na filamu ya mama mmoja wa Kikongo, mshonaji wa mtaa wa Rosettenville, aliyefiwa na mwanawe. Nikaona Bi Renate anapitisha picha zenye ukungu, ambazo zamani asingezikubali. Nilipomuuliza akasema, "Saumu, katikati ya jicho pamekufa. Naona ukuta, naona nywele zako. Uso wako siuoni." Daktari alikwishamwambia macho hayatapona.

Mtayarishaji wa filamu akaniita pembeni. "Eish, Saumu, malizia wewe. Bibi apumzike."

Nikaenda nikamwambia vilevile, kwani sikuweza kumzunguka. Akainuka, akanisogezea kiti chake. "Kaa. Mimi nitasikiliza."

Tukafanya hivyo, mimi nikitazama, yeye amefumba macho. Pale yule mama anapotaja jina la mwanawe, nilitaka kukata. Akanishika mkono. "Bado. Hajashusha pumzi." Nikangoja. Yule mama akashusha pumzi, akatazama dirishani, akatabasamu kidogo. Peke yangu ningelitupa lile tabasamu.

Filamu ilipoonyeshwa televisheni, pale palikuwa pamefupishwa ili matangazo ya biashara yapate nafasi. Bi Renate alisikia. "Wamemkatiza pumzi," alisema, akaniomba nizime.

Baadaye mpwa wake akaja kumchukua, amrudishe kwao. Uwanja wa ndege alinipapasa uso kwa viganja, paji, mashavu, kidevu, polepole, kama anayejifunza. Yeye hakulia. Mimi nililia njia nzima hadi nyumbani, mtaa wa Observatory.

Sasa nimepewa chumba chake cha kazi. Watu wananipongeza, nami naona haya kupongezwa.

Nisalimie shangazi wa Pongwe, mdogo wangu fundi seremala, na jirani yetu muuza mbaazi. Mwambie huku sijaona wa kumfikia.

Mama, kila tukiongea unaniuliza nitarudi lini, nami nakujibu habari za kazi. Nimeomba likizo, nimekubaliwa. Usihangaike kunipikia makubwa. Nataka tu nikae mbele yako mchana kweupe, nikutazame.

Mwanao anayekuota,
Saumu