Karata za Mama Nje ya Kioo

Jumatatu, 7 Juni 1999

Leo nimechapa barua mbili za kuomba kazi, mtihani wa shule, kadi za harusi. Wino wa printa umeanza kutoa michirizi. Hakuna mteja aliyelalamika, na mimi sikuwakumbusha.

Mchana wateja wakipungua nampisha Mama kwenye kiti. Anacheza karata zake za kwenye kompyuta. Nyekundu juu ya nyeusi, nyeusi juu ya nyekundu, mpaka ree zote zipande. Mkono wa kulia juu ya mausi. Wa kushoto nimempa kipepeo cha ukili ajipepee, aushughulishe, maana yule mtaalamu wa mazoezi wa hospitali alisema ule mzima ukiachiwa nafasi utafanya kila kitu, na mgonjwa utasahau. Mpira wa sponji aliompa, Mama kautupia uvunguni siku ile ile. "Mimi si mtoto wa kuchezea mpira." Lakini karata, sawa. Karata kazijua tangu usichana. Kwenye mchezo wa wahedi wasitini alikuwa akiwatoa jasho wanawake wa mtaa huu wote wa Sikukuu.

Tangu kile kiharusi, tumefika hapa: kubonyeza anaweza. Kubana na kuvuta hawezi. Karata inamponyoka katikati ya njia, inarudi ilikotoka, ananiita, namvutia.

Kula bado. Hilo ndilo linaloniuma. Tonge hawezi kulifinyanga, na kula kwa mkono wa kushoto mbele za watu haya inamuua. Anakula nyuma ya pazia, peke yake, na kijiko. Mama yangu huyu, ambaye sinia lake halikuwahi kukosa mgeni.

Jioni kaka Hemedi kapita akitoka bandarini kutoa mizigo ya watu. Anataka kumchukua Mama akakae kwake Magomeni. Apumzike, kuna dada wa kazi wa kumlisha. Nikamwambia kulishwa ndiko kutakakoumaliza huo mkono. Akasema nimemkalisha mzazi dukani kama mlinzi. Loh! Mdomo wa Hemedi! Atakuja Jumapili. Mkono usipoonyesha la maana, anaondoka naye. Nimekubali kwa hasira. Sasa najuta.

Jumanne, 8 Juni

Pilikapilika. Asubuhi kaja Chogo, fundi wa redio wa kona ya pili, kupuliza vumbi ndani ya kompyuta. Kalipua kazi, kanywa chai yangu, kaondoka.

Mchana Mama kacheza kama kawaida. Nikamwacha nikaenda kununua karatasi. Narudi, chumba cha mbele kimejaa wanawake wa maulidi wanataka kadi za mwaliko. Mkubwa wao, Bi Saada, kashika kiti cha wateja peke yake. Mama kakaa wima mbele ya kompyuta, anajipepea, uso kama katoka kuswali. Kwenye kioo hakuna kitu. Nikashukuru kimoyomoyo hawakumkuta na karata, maana Bi Saada ana ulimi, Mungu atunusuru.

Nimechapa kadi mpaka magharibi. Mgongo unauma. Nimezima mashine.

Jumatano, 9 Juni

Karata hazifunguki. Nabonyeza, mashine inafikiri, jina la mchezo linatokea kwenye ule mstari wa chini ya kioo, halafu basi. Nimefunga, nimefungua. Nimezima, nimewasha. Jina lipo, mchezo haupo.

Mambo mengine yote mazima. Ni Chogo tu. Nani mwingine alifungua tumbo la mashine hii? Nimemtumia salama. Ajifanye hakuzipata aone.

Mama kauliza kitu kimoja. "Na barua zako zinafunguka?" Nikamwambia zinafunguka.

Alhamisi, 10 Juni

Chogo kaja. Tumegombana mlangoni mpaka wapita njia wakasimama. Kaapa hakugusa mchezo wowote. Kaufuta, kauweka upya kutoka kwenye ile CD tuliyonunua Msimbazi. Jina chini, juu hakuna kitu. Kakuna kichwa, kasema labda CD imechakaa. Imechakaa wapi na jina inalileta!

Mama kasema tuache. "Mwanangu, ulikuwa mchezo tu. Usije ukaua mashine ya kazi kwa ajili yangu." Kahamia kiti cha pembeni. Mkono wa kulia kaulaza mapajani, kaufunika na khanga. Kule kuufunika kumenichoma kuliko yote.

Nikampigia kelele. Nikamwambia kuumwa kumemnogea. Mama yangu mzazi! Najichukia leo.

Ijumaa, 11 Juni

Nimemnunulia karata za kweli, pakiti mpya. Hawezi kuzishika. Zinateleza, zinamwagika sakafuni, na mimi naokota huku najifanya naimba. Baadaye kasema basi, zirudishe kwenye boksi.

Kisha kaniambia nimpangie nguo kwenye begi. Kwa mdomo wake mwenyewe. Nimepanga. Labda Hemedi ana haki, labda mimi nalazimisha tu kwa sababu sitaki kubaki peke yangu kwenye nyumba hii. Nimelia jikoni. Vitunguu vimenisaidia kuficha.

Jumamosi, 12 Juni

Alhamdulillahi. Niandike polepole nisiruke kitu.

Jayesh bhai kaja kuchapa tangazo. Ana duka la vitenge ng'ambo ya barabara, nao wako mtaa huu tangu babu yake. Mama kamjua akiwa na kaptura. Kaliona begi mlangoni, kauliza Mama anasafiri wapi. Nikajikuta nimemwaga yote, mkono, Hemedi, Chogo, karata.

Kacheka! Nilitaka kumrushia stapla.

"Dada Zuhura, hazijapotea hizo. Ziko nje ya kioo."

Kumbe naye yalimkuta. Alibadilisha kioo kikubwa cha kompyuta ya dukani akaweka kidogo, orodha yake ya mali ikawa haionekani tena, jina tu chini. Kasema baadhi ya hizi programu zinakumbuka pale zilipoachwa mara ya mwisho. Kila ukizifungua zinarudi palepale, hata kama pale hapaonekani. Ndiyo maana hata kuuweka mchezo upya hakukusaidia kitu. Uko wazi muda wote, ila uko chini huko, macho hayafiki.

Kaushika mausi, kabonyeza huku, kabonyeza kule, kasahau njia. Alichokumbuka ni kwamba yeye aliirudisha orodha yake kwa mishale ya kibodi. Nikamwambia sogea. Kibodi tena? Miaka yangu yote ya kupiga chapa pale shirikani, kabla halijauzwa na sisi kupunguzwa, nilikula kwa vidole hivi. Mausi nimeujua ukubwani.

Nikaufungua mchezo. Jina likaja chini. Nikabana Alt pamoja na kile kitufe kirefu cha nafasi. Orodha ndogo ikachomoza kwenye kona ya chini, kulia kabisa, imebanana na ukingo. Nikapiga yowe. Kumbe upo! Nikachagua neno la kuhamisha, nikashika mshale wa juu. Nikashika. Nikashika tu. Mstari wa bluu wa kichwani mwa mchezo ukachungulia kutoka chini, ukapanda. Mshale wa kushoto. Karata zikaingia zote.

Jayesh bhai kapiga makofi. Mama kasema "Yarabi" kwa sauti ya chini, halafu kaangalia pembeni. Nikashangaa. Nilitegemea afurahi.

Jayesh anaondoka na tangazo lake, kageuka mlangoni. Kasema kwake ilikuwa ni kubadilisha kioo. Kwangu kioo ni kilekile. "Basi kuna mtu kausukuma. Hauendi wenyewe."

Nikafikiri. Chogo alikuja asubuhi, na Mama alicheza mchana, Chogo keshaondoka. Mimi nilikuwa nimefuata karatasi. Nikamgeukia Mama. Macho yake sakafuni.

"Nilimsikia Bi Saada anapiga hodi," kasema.

Ikatoka yote. Mjane mzima, msomaji wa maulidi, akutwe na karata! Kuufunga mchezo hajui, huwa namfungia mimi. Basi kaubana ule mstari wa bluu wa juu, kauvuta mpaka kwenye kona ya chini ukazama, kama alivyokuwa akisukumia karata chini ya mkeka baba akiingia. Kesho yake ulipokataa kurudi, kajua kaiua kompyuta. Riziki ya mwanawe. Kaona leo karata, kesho barua. Ndiyo maana hakutaka kugusa tena, ndiyo maana kaomba begi. Mimi namgombeza Chogo wa watu mtaani, yeye kakaa pembeni na hofu yake kaifunika na khanga.

Nilitaka kukasirika. Nikamwambia, "Mficha uchi hazai, Mama. Si ungesema?" Halafu likanijia lile neno lake. Kauvuta.

"Uliuvuta wewe?"

"Nikauvuta."

"Toka juu mpaka chini? Haukuponyoka?"

"Uponyoke vipi na Bi Saada keshavua viatu?"

"Kwa mkono gani?"

Wa kushoto ulikuwa unapepea. Alikuwa anajipepea makusudi, wasidhani kuna jambo. Kautoa mkono wa kulia chini ya khanga, kauangalia kama mgeni aliyeingia bila hodi.

Tumecheka mpaka Mama kapaliwa. Begi nimelifungua, nguo nimezirudisha kabatini. Sijapata furaha kama hii tangu aanguke.

Jumapili, 13 Juni

Hemedi kaja. Shikamoo Mama, marahaba, begi liko wapi.

Mama kakaa kwenye kiti, kanionyesha kwa kidevu nifungue mchezo. Nikafungua. Kaubana, kauvuta mpaka ukazama. Hemedi kauliza sasa hiyo ndiyo nini. Nikaurudisha kwa mishale. Mama kauzamisha tena. Nikarudisha. Safari hii ukamponyoka katikati, ukabaki umening'inia nusu. Nikashika roho. Hemedi kanyoosha mkono amsaidie, nikaupiga kofi.

Mama kauacha mkono upumzike juu ya mausi. Jasho linamtoka puani. Kaanza upya, taratibu, huku anauma mdomo. Ukazama.

Hemedi kwake kompyuta ni boksi la kutoa bandarini, haelewi ni mchezo gani huo wa kuzamisha karata. Lakini mkono wa mama yake anaujua. Alikuwepo hospitali siku ile ulipokuwa unaning'inia tu. Katoa leso, kafuta macho, kasingizia vumbi la Kariakoo.

"Basi abaki," kasema. "Lakini karata, Mama? Mtu wa makamo yako?"

"Ndiyo dawa yangu. Wewe ulitaka niminye mpira?"

"Na Bi Saada akija?" nikamchokoza.

"Akija avue viatu akae. Nitamfundisha."

Nimempelekea Chogo soda na samahani. Soda kaipokea. Samahani kasema niiweke mpaka hasira zimtoke.

Jumatano, 16 Juni

Anavuta karata mwenyewe. Nyingine zinadondoka, nyingine zinafika. Haniiti tena. Leo nimekaa nyuma yake nasubiri kuitwa, nikajiona sina kazi duniani.

Vidole viwili vya mwisho bado vimelala. Siku nyingine anakasirika anausukuma mausi pembeni, kisha anaurudisha mwenyewe.

Ijumaa, 25 Juni

Wateja wachache. Nimefunga mlango saa ya swala, nimepika wali wa nazi na samaki wa kupaka. Hemedi kaja kutoka msikitini. Nikatandika mkeka, nikaweka sinia, sahani ya Mama nikaipeleka nyuma ya pazia kama siku zote.

Tumeanza kula, pazia likasogea. Mama katoka na sahani yake. Kakaa kati yetu, kaumwaga wali wake kwenye sinia. Kijiko hakuja nacho. Kanyoosha mkono wa kulia nikamnawisha.

Tonge la kwanza lilivunjika. Wali ukamwagika mapajani. La pili likafika kidevuni. Hemedi kaanza kusimulia habari ndefu ya kontena lililokwama bandarini, hata haieleweki. Mimi nilikuwa natoa miiba kwenye kipande kisicho na mwiba. Hakuna aliyemtazama.

Lililofuata likafika. Katafuna polepole.

"Huyu samaki hana chumvi," kasema.

Nikaenda jikoni kuleta chumvi. Nilikaa huko kidogo.